Sura ya Sita: Waimbaji Wawili kwa Usiku Mmoja

Katika zama ambazo nyumba nyingi za Marekani zilikuwa na televisheni moja tu, iliyowekwa sebuleni mahali pa heshima, na mashirika makubwa ya utangazaji yakiwa matatu, yaani CBS, NBC na ABC, mwenye kutunga kipindi cha burudani alikabiliwa na sharti lisilokwepeka: kuwaridhisha babu, baba na mjukuu katika saa ile ile, kwani mmoja wao akichoka kituo hubadilishwa, na tajiri aliyegharimia kipindi hukosa wanunuzi. Ndiyo maana Ed Sullivan, aliyeongoza kipindi chake cha Jumapili usiku tangu 1948 hadi 1971, aliwapanga kwa zamu waimbaji wa opera, wachekeshaji, wanasarakasi na vijana wa magitaa; lakini wengine walitambua ya kwamba kuna faida kubwa zaidi katika kuwasimamisha wawili wa rika mbalimbali jukwaani pamoja, ili kila mtazamaji avutwe na wake, kisha amsikilize na wa mwenzake.

Tatizo lilikuwa fahari ya wenyewe, kwa kuwa hapana mwimbaji mashuhuri aliye radhi kuonekana msindikizaji. Dawa ya kwanza ilikuwa kubadilishana nyimbo. Frank Sinatra, aliyekuwa ameukashifu hadharani muziki wa roki, alimkaribisha Elvis Presley aliporejea kutoka jeshini, katika kipindi kilichorekodiwa Miami Beach mwezi Machi 1960 na kuonyeshwa Mei 12, kwa udhamini wa kampuni ya saa ya Timex. Sinatra akaimba “Love Me Tender” ya mgeni wake, naye Elvis akaimba “Witchcraft” ya mwenyeji, kila mmoja kwa mtindo wake, pasina mshindi wala mshindwa.

Dawa ya pili, iliyohitaji maarifa zaidi ya muziki, ilikuwa kuimba nyimbo mbili kwa wakati mmoja, mradi mapigo na mapatano ya sauti yake yaafikiane. Hivyo ndivyo Judy Garland na Barbra Streisand, aliyekuwa na umri wa miaka 21, walivyofanya Oktoba 1963, wakizifuma “Get Happy” na “Happy Days Are Here Again”. Na hivyo ndivyo ilivyotokea Septemba 11, 1977, katika studio za Elstree karibu na London, wakati David Bowie, ambaye kwa kauli yake alivutiwa na mwaliko wa kipindi cha Bing Crosby kwa kuwa mama yake alimpenda mwimbaji huyo, alipoukataa wimbo aliopangiwa wa “Little Drummer Boy”. Watunzi Ian Fraser, Larry Grossman na Alan Kohan wakajitenga, na kwa muda upatao saa moja na robo wakatunga “Peace on Earth”, wimbo ambao Bowie aliuimba juu ya ule wa zamani, ilhali mzee Crosby akiendelea na wake bila kutikisika. Crosby alifariki Oktoba 14, kabla kipindi hakijaonyeshwa. Na mwaka 1982 santuri ya wimbo huo ilipotolewa, ilifika nafasi ya tatu Uingereza.

Wasemao kwamba ufundi huu ulififia kwa sababu waimbaji wamepungukiwa na adabu hawakuitazama asili ya jambo. Televisheni zilipozidi nyumbani na vituo vikaongezeka, babu na mjukuu waliagana, kila mmoja na chumba chake. Na mdhamini, aliyewapatanisha kwa tamaa ya fedha wala si kwa hisani, hakuwa tena na haja ya kuwapatanisha.