Ufa Ambao Ardhi Haikuuziba: Rekodi Saba, Kutoka Lisekese Hadi Tanganyika

Usipoziba ufa, utajenga ukuta. Ardhi ya Afrika Mashariki haikuziba nyufa zake, na ilichojenga ni maziwa, mabonde na miinuko inayoshika rekodi za dunia. Tuanzie Lisekese, pale Masasi, kusini mwa Tanzania, tuzihesabu moja baada ya nyingine.

1. Jiwe kongwe kuliko yote ya hapa nyumbani

Ukiwa Lisekese huhitaji kuonyeshwa milima. Mkomaindo, Mtandi na wenzao wamechomoza kwenye tambarare kama vichwa vya watu waliofukiwa hadi shingoni. Ni miamba iliyopikwa kwa joto na mgandamizo chini sana ya ardhi, zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita. Miamba dhaifu iliyoizunguka ililiwa na mvua, yenyewe ikabaki. Mvua ikinyesha, utaona maji yakiteleza kwenye michirizi myeusi mgongoni mwa jiwe, yakizama kwenye nyufa na kutulia miguuni mwa mlima.

2. Mwachano mkubwa kuliko yote ya pwani yetu

Madagaska, kisiwa cha nne kwa ukubwa duniani, kiliwahi kushikana na pwani yetu. Zaidi ya miaka milioni 150 iliyopita ardhi ilipasuka, kikaondoka kuelekea kusini kwa kufuata ufa mrefu ambao sasa uko chini ya bahari. Pwani ikadidimia, na kwa mamilioni ya miaka mito ikamwaga humo mchanga na tope. Mchanga huo ukaja kuinuliwa. Leo tunauita uwanda wa Makonde, na juu yake ndipo ilipo Newala.

3. Mifupa mirefu kuliko yote iliyosimamishwa

Matope ya pwani hiyo inayodidimia yalizika pia wanyama. Huko Tendaguru, mkoani Lindi, kati ya 1909 na 1913 mamia ya vibarua walichimba mifupa ya dainosaria na kuibeba kwa miguu hadi bandarini Lindi. Msimamizi wao mkuu alikuwa Boheti bin Amrani, na jina lake linastahili kutajwa kila mifupa hiyo inapotajwa. Mmoja wa wanyama hao amesimama leo katika jumba la makumbusho Berlin, Ujerumani, akiwa na urefu wa mita 13.27 kwenda juu. Hakuna mifupa ya dainosaria duniani iliyosimamishwa ikawa mirefu kwenda juu kuliko hiyo.

4. Ziwa refu kuliko yote yenye maji baridi

Tukielekea magharibi tunakutana na Bonde la Ufa. Hapo ardhi ilipasuka pande mbili na katikati ikazama. Ziwa Tanganyika lina urefu wa kilomita 673 na kina cha mita 1,470, kiasi kwamba sehemu ya sakafu yake iko karibu mita 700 chini ya usawa wa bahari. Kwa kina linapitwa na Baikal la Urusi peke yake, na Baikal nalo limekaa ndani ya ufa.

5. Ziwa lenye aina nyingi zaidi za samaki

Ni Nyasa, tunaloligawana na Malawi na Msumbiji. Hakuna ziwa jingine duniani lenye aina nyingi za samaki kama hilo. Nalo ni mtoto wa ufa, lenye kina cha mita 706.

6. Tetemeko kubwa kuliko yote ya karne iliyopita

Nyufa hizi hazijalala. Tarehe 13 Desemba 1910 ardhi ilitikisika upande wa Rukwa kwa ukubwa wa 7.4. Katika Afrika Mashariki, karne nzima ya 20 haikuona tetemeko lililolizidi.

7. Maji yaliyobebwa kwa jasho kuliko yote

Rekodi hii haimo katika kitabu chochote. Naitoa mwenyewe, na naitoa Newala.

Uwanda wa Makonde ni mchanga juu ya mchanga. Mvua inanyesha vizuri, lakini maji hayakai. Huzama moja kwa moja, kisha huchomoza chini kabisa, kwenye miguu ya uwanda, kama yanavyochomoza Ndanda na katika bonde la Kitangari. Mikorosho hufurahia udongo huo usiotuamisha maji. Mtu mwenye kiu haufurahii.

Hadithi ya asili ya Wamakonde inasimulia kwamba watoto wa kwanza, waliozaliwa karibu na maji makubwa, hawakuishi. Aliyeishi ni yule aliyezaliwa juu, Mahuta. Ndipo wazazi wakausia: msikae bondeni. Bondeni kuna maradhi, juu kuna hewa safi. Gharama ya wosia huo ililipwa na wanawake. Waliteremka genge alfajiri, wakasubiri chemchemi ijaze mtungi taratibu, kisha wakaupanda tena mlima, ngata kichwani, mtungi juu ya ngata, na mara nyingi mtoto mgongoni.

Miaka ya 1950 pampu zilianza kusukuma maji ya bondeni yapande mamia ya mita hadi juu ya uwanda. Hadi leo umeme ukikatika au mtambo ukiharibika, Newala inajua siku hiyohiyo, na nyumba nyingi bado zinakinga mvua ya kwenye bati kama akiba.

Simama Shimo la Mungu, ukingoni mwa uwanda pale Newala, asubuhi, ukungu ukiwa bado umejaa bondeni kuelekea Ruvuma, upime kwa macho kutoka ulipo hadi chini. Tanganyika ilipewa kina na ufa wake. Urefu ulio mbele yako hapo, bibi zetu waliupanda kwa miguu yao, kila siku, wakiwa wamebeba maji. Kwa hiyo ukialikwa Newala na ukaletewa maji ya kunawa, nawa kwa adabu.