GHARIKA KUU: JE, LISEMWALO LIPO?

Wahenga walinena, lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Msemo huu ulinijia akilini mwezi wa Mei 2024, tuliporudi shuleni baada ya ufunguzi kuahirishwa kwa sababu ya mafuriko. Mwenzetu mmoja wa kidato cha pili, ambaye kwao ni kando ya Mto Tana, alirudi na sare ya kuazima. Nyumba yao, mbuzi wao na sanduku lake la vitabu, vyote vilikwenda na maji. Usiku huo bwenini msichana mmoja akasema, "Si mnaijua hadithi ya Nuhu? Mungu haleti gharika bure. Lazima watu wa huko walikuwa wamekosa."

Lo! Yule mwenzetu hakujibu neno. Alijifunika blanketi gubigubi, akalia mpaka sisi tukashikwa na usingizi.

Maneno yale yalinikwama kooni kama mwiba wa samaki. Nikamwendea mwalimu mlezi wa chama chetu. Akaniambia, "Mwanangu, kubishana hakutakufaa. Nenda maktaba ukaone watu wa kale waliisomaje hadithi hiyo, halafu utuandikie." Basi ndugu msomaji, haya ndiyo niliyoyavuna.

Tuanze na tunayoyajua sote. Katika kitabu cha Mwanzo, Mungu anaona uovu wa wanadamu umezidi, anamwamuru Nuhu aunde safina, na safina hiyo inatua juu ya milima ya Ararati. Katika Kurani Tukufu, Nuhu anawaonya watu wake kwa miaka mingi, wanamcheka, na mwishowe jahazi linatua juu ya Mlima Judi. Humo yumo pia mwana wa Nuhu aliyekataa kupanda, akidhani mlima utamwokoa. Kwa Wakristo na Waislamu vilevile, gharika ni onyo kwa waovu na rehema kwa waliosikia.

Lakini hata walioamini hawakuisoma kwa namna moja. Mtakatifu Augustino, aliyeishi Afrika ya Kaskazini kati ya mwaka 354 na 430, aliamini kuwa gharika ilitokea, ila akatafuta maana nyingine ndani yake. Safina ilikuwa na urefu wa dhiraa 300, upana 50 na kimo 30. Augustino akasema vipimo hivyo vinalingana na vya mwili wa mtu aliyelala, na safina ni mfano wa Kanisa linaloelea katika dunia hii.

Karne zikapita, watu wakaanza kuitafuta gharika mawe­ni. Mwaka 1726 daktari mmoja wa Uswisi, Johann Scheuchzer, alitangaza kwamba amepata mifupa ya mtu aliyekufa katika gharika, imegeuka kuwa jiwe. Watu wakastaajabu! Mwaka 1811 mtaalamu Mfaransa, Georges Cuvier, akaichunguza mifupa hiyo vizuri. Jameni, hakuwa mtu hata kidogo. Alikuwa mnyama wa majini wa jamii ya vyura, mwenye mkia, tena mkubwa.

Huko Uingereza naye kasisi na mwanajiolojia William Buckland aliandika kitabu mwaka 1823 akidai kwamba matope na changarawe zilizotapakaa nchini ni ushahidi wa gharika. Alipozidi kuchunguza aliona hoja yake haisimami, na mwaka 1836 akaiacha mbele ya watu wote. Baadaye ikajulikana kuwa sehemu kubwa ya mawe na changarawe hizo ilisukumwa na barafu kubwa za zamani. Mimi nampa Buckland heko. Si wengi wanaoweza kusema hadharani, "Nilikosea."

Sasa sikiliza kisa cha George Smith. Huyu aliacha shule akiwa na miaka 14, akafanya kazi ya kuchonga vibao vya kuchapia noti za benki. Wakati wenzake wakila chakula cha mchana, yeye alikwenda Jumba la Makumbusho la Uingereza, London, kutazama vibao vya udongo kutoka mji wa kale wa Ninawi, katika nchi ambayo leo ni Iraki. Alijifunza kuyasoma maandishi yake mpaka akaajiriwa hapo. Mwaka 1872, katika kibao kimoja, akasoma habari za merikebu iliyokwama mlimani na njiwa aliyetumwa kutafuta nchi kavu. Inasimuliwa kwamba kwa furaha alianza kuvua nguo mle mle ofisini!

Kibao hicho ni sehemu ya utenzi wa Gilgameshi. Anayeokoka humo anaitwa Utnapishtimu. Baadaye likapatikana simulizi lingine la Babeli, la Atrahasisi, ambalo nakala yake ni ya karne ya 17 kabla ya Kristo. Sababu ya gharika humo si dhambi. Eti wanadamu walizidi kelele, mungu Enlili akakosa usingizi!

Je, yalikuwapo maji kweli? Mwaka 1929 Leonard Woolley, akichimba mji wa Uru kusini mwa Iraki, alikuta tabaka nene la matope, na chini yake vigae vya watu wa zamani zaidi. Akaamini ameipata gharika ya Nuhu. Lakini matope ya miji mingine ya jirani yalionekana kuwa ya nyakati tofauti. Kwa hiyo wataalamu wengi huona kuwa mito ya Frati na Hidekeli ilifurika mara nyingi, na kumbukumbu za misiba hiyo zikazaa masimulizi.

Naam, kila zama zilileta swali lao kwa Nuhu: Augustino aliuliza maana, Buckland akauliza mawe, Woolley akauliza matope. Nami nilileta swali la bwenini: je, anayefikwa na maji amekosa?

Jibu nililipata mahali nisipotarajia. Katika ule utenzi wa kale, maji yakishakauka, mungu Ea anamkemea Enlili: mwenye kosa na abebe kosa lake, kwa nini umewagharikisha wote? Ebo! Kumbe swali langu liliulizwa zamani hizo, na katika hadithi yenyewe.

Nikaona jambo jingine. Katika masimulizi yote haya, anayeokoka ni yule aliyepewa habari mapema na akapata muda wa kuunda chombo.

Nilimsomea mwenzetu haya jioni moja. Akanyamaza kitambo, kisha akasema, "Sisi habari ilitufikia maji yakiwa mlangoni tayari." Yule msichana aliyenena usiku ule alikuwa karibu, akasikia. Kesho yake alimletea daftari mbili mpya na kusema, "Nisamehe, dada."

Kalamu naiweka chini, ndugu msomaji. Maji usiyoyafika hujui wingi wake.