Jahazi Halina Ramani

Matondoni, kijiji cha kisiwa cha Lamu, na Nungwi, kaskazini mwa Unguja, fundi huunda jahazi bila kuchora mstari hata mmoja kwenye karatasi. Vipimo vyote vimo kichwani na mikononi mwake. Vilifikaje huko?

Vilifika polepole. Mwanagenzi haanzi na tezo. Huanza kwa kuokota vibanzi na kushikilia ubao upande wa pili, kisha hufundishwa kutia kalafati, yaani kushindilia pamba iliyolowa mafuta kati ya mbao ili maji yasipenye. Kwa kazi hiyo hujua maungio yote ya chombo, na siku akipewa tezo anafahamu mkato mbaya utamgharimu nini. Somo gumu zaidi ni mataruma, mbavu za chombo. Hutokana na matawi yaliyopinda yenyewe, kwa hiyo fundi hana budi kuliona taruma ndani ya mti ungali umesimama. Jicho la namna hiyo hupatikana kwa kufuatana na mwenye nalo.

Kufuatana huko kukikatika, hasara yake tumekwisha kuiona kwa mtepe, chombo cha zamani cha pwani yetu. Mbao zake zilishonwa kwa kamba za makumbi ya nazi. Vyombo vya kushonwa vya pwani yetu vimetajwa katika Periplus, mwongozo wa mabaharia ulioandikwa kwa Kiyunani katika karne ya 1. Hata hivyo, kufikia katikati ya karne ya 20 mtepe ulikuwa umetoweka. Waliokuja kuunda nakala yake walitegemea vielelezo vidogo, picha na maandishi. Kielelezo huonyesha umbo. Hakisemi kamba ikazwe kiasi gani.

Kwa hiyo tusidhani kwamba chombo kikiwekwa makumbusho, ujuzi umehifadhiwa. Ujuzi huishi palipo na kazi, ambapo kijana hukosea na kusahihishwa papo hapo. Tanzania Bara, VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, huwatahini na kuwapa vyeti mafundi waliojifunza kazini. Ni hatua njema, lakini cheti humtambua aliyekwisha kuiva, hakimletei mwanafunzi.

Mwanafunzi huletwa na oda. Halmashauri, hoteli na wenye vyombo wanaoagiza jahazi jipya waandike katika mkataba wanagenzi wawili, walipwe posho tangu mkuku unapolazwa hadi chombo kishuke majini.