Rangi ya Jukwaani na Haki ya Uraia

Mwishoni mwa Novemba 1591 merikebu ya Kiingereza, jina lake Edward Bonaventure, iliyokuwa chini ya nahodha James Lancaster, ilitia nanga Unguja, ikakaa hapo hata Februari ya mwaka wa pili. Wareno, ambao kwa muda wa karibu karne nzima walikuwa wakijidai kuwa mabwana wa pwani hii, na ambao hawakutaka mshindani katika biashara yake, walikwisha kuwatahadharisha wenyeji kwamba Waingereza ni watu makatili wenye kula nyama ya binadamu, na kwamba mwenye kuipenda salama ya nafsi yake asithubutu kuwakaribia. Habari hii haikutungwa na adui wa Waingereza. Iliandikwa na ofisa mmoja wa merikebu ile ile, ikapigwa chapa London kabla ya karne ya 16 kumalizika, na yumkini msomaji wake alicheka kwa kuliona taifa lake likisingiziwa jambo ambalo lenyewe lilizoea kuwasingizia wengine.

Kwa maana katika miaka hiyo hiyo majumba ya michezo ya London yalikuwa yakiwaonyesha watu sura ya Mwafrika, ya Mwislamu na ya Myahudi kwa kiingilio cha peni moja kwa mwenye kuridhika kusimama uwanjani. Mkazi wa Tandale au Tandika, Dar es Salaam, aliyewahi kubanana katika kibanda umiza, akacheka umati ulipocheka na kuzomea umati ulipozomea, hahitaji maelezo marefu kuijua hali ya watazamaji wale: fundisho humwingia mtu upesi akiwa miongoni mwa wenzake wanaocheka, na humtoka kwa shida akibaki peke yake.

Si kwamba Waafrika hawakuwako Uingereza. John Blanke alikuwa mpiga tarumbeta katika utumishi wa wafalme Henry VII na Henry VIII, na sura yake ingalipo katika picha ya sherehe za mwaka 1511. Fauka ya hayo, madaftari ya makanisa yana habari za Waafrika waliobatizwa, waliooana na waliozikwa humo. Lakini hao hawakuitwa kuigiza. Wachezaji wote wa majumba yale walikuwa wanaume weupe, na sehemu za wanawake zilichezwa na wavulana. Hivyo mweusi wa jukwaani alikuwa kazi ya mikono, aliyefanyizwa kwa masizi na mafuta usoni, kwa glavu na soksi nyeusi, na kwa manyoya ya kondoo mahali pa nywele. Maneno yake nayo yalitungwa na watu ambao hawakuwa wa rangi yake, ili yasikizwe na watu ambao hawakuwa wa rangi yake.

George Peele, yapata mwaka 1589, alitunga mchezo juu ya vita vya Alcazar vilivyopiganwa Maghribi mwaka 1578, na katika mchezo huo mwovu mkuu, Muly Mahamet, alitangaziwa weusi wake kana kwamba ndio ushahidi wa uovu wake. Shakespeare alifuata njia hiyo katika Titus Andronicus, uliopigwa chapa mwaka 1594, ambamo Aaron, mtu mweusi, anakiri madhambi yake yote kwa furaha, na majuto yake ni kwamba hakupata nafasi ya kutenda mengine. Hata hivyo katika mchezo huo huo lipo tukio ambalo halikubali kukaa ndani ya mpaka uliochorwa. Yaya anakuja na mtoto mchanga, mweusi, aliyezaliwa kwa siri na malkia, na amri aliyopewa baba ni kumwua kwa jambia ili aibu isienee. Aaron anamchukua mtoto, anauliza rangi hii nyeusi ina ubaya gani hata idharauliwe hivyo, na anaapa kumlinda mbele ya wote. Mtazamaji aliyelipa peni yake ili amwone shetani aliona, kwa dakika chache, baba mwenye huruma kuliko Warumi wote waliomzunguka.

Ama mahali ambapo mambo haya yalikutana kwa wingi ni katika jumba la mfalme, Whitehall, wakati wa baridi ya mwaka 1604 kuingia 1605. Tarehe 1 Novemba ulichezwa Othello. Tarehe 6 Januari malkia Anne na mabibi wa baraza walicheza mchezo wa dansi na mashairi uliotungwa na Ben Jonson na kupambwa na Inigo Jones, wakiwa mabinti wa mto wa Afrika walioambiwa kwamba huko Uingereza liko jua, yaani mfalme mwenyewe, lenye uwezo wa kuwageuza wawe weupe. Kisha Februari mfalme akatazama mchezo wa Shakespeare juu ya mfanyi biashara wa Venisi, na ukachezwa tena mbele yake siku mbili baadaye.

Malkia, ambaye alikuwa mja mzito, alijipaka rangi nyeusi usoni na mikononi hadi viwikoni, na mmoja wa waliohudhuria aliandika kwa karaha juu ya sura hiyo, akataja pia kwamba balozi wa Hispania alipoinama kuubusu mkono wa malkia palikuwa na hatari midomo yake itoke na doa. Katika ukumbi ule hapakuwa na mtu asiyejua kwamba weusi ule ungesafishwa kabla ya kulala. Na hapa ndipo ilipo siri ya mambo yote, kwamba rangi iliyovuliwa kwa maji na malkia ilikuwa ile ile ambayo watu walifundishwa kuamini kuwa kwa Mwafrika ni alama ya nafsi isiyoweza kutakasika.

Othello ni habari nyingine, na ni nzito zaidi. Shakespeare aliitoa katika hadithi ya Mwitalia Giraldi Cinthio iliyopigwa chapa mwaka 1565, akamfanya jemadari mweusi awe mtu wa heshima, mwenye ufasaha wa maneno, anayetegemewa na dola ya Venisi kwa vita vyake dhidi ya Waturuki. Lakini kabla hatujamwona, tumekwisha kusikia akitukanwa gizani chini ya dirisha la mkwewe, kwa maneno yanayomfananisha na mnyama, na wenye kutukana ni watu anaowalinda. Alipoitwa mbele ya baraza ajibu shtaka la kumroga binti wa watu, alisamehewa kwa sababu usiku huo huo merikebu za adui zilikuwa zikielekea Kupro, na dola haikuweza kumkosa. Ana cheo, hana ukoo. Iago, ofisa wake anayemchukia, halazimiki kuleta ushahidi mkubwa ili amwangamize: leso moja inatosha, kwa kuwa dharau ilikwisha kupandwa, na hatimaye Othello mwenyewe anaanza kujitazama kwa macho ya wanaomchukia.

Watu hupenda kuwatetea watunzi wale kwa kusema kwamba hawakujua. Udhuru huo ni mdogo. Mwaka 1600 balozi wa Sultani Ahmad al-Mansur wa Moroko, Abd al-Wahid bin Masud, alikaa London yapata nusu mwaka pamoja na ujumbe wake, akachorwa picha inayoonyesha mtu mwenye haiba, kilemba na upanga. Na mwaka huo huo kitabu cha Hassan al-Wazzan juu ya nchi za Afrika kilitoka kwa Kiingereza. Maarifa yalikuwako, na haja ya biashara ilikuwako. Tena serikali yenyewe haikuwa mtazamaji asiye na hatia: mwaka 1562 John Hawkins alikwisha kuanza safari za kuteka na kuuza Waafrika, na Julai 1596 zilitoka barua kwa jina la malkia Elizabeth zilizotaka Waafrika waliomo nchini wakabidhiwe kwa mfanyi biashara wa Kijerumani, Caspar van Senden, awachukue kuwa malipo ya wafungwa aliowarudisha. Wenye kuwatumikisha walikataa kuwatoa, na mpango haukufaulu. Lakini wazo la kwamba watu fulani wamezidi nchini lilikwisha kuandikwa kwa wino wa serikali.

Pwani yetu iliupokea mchezo wa Venisi kwa vipande. Mwaka 1867 padri Edward Steere, aliyekuwa akitumikia misheni Unguja, alipiga chapa kwa Kiswahili hadithi nne zilizotolewa katika kitabu cha Charles na Mary Lamb, waliozifupisha tamthilia za Shakespeare kwa ajili ya watoto, na moja katika hizo ilikuwa hii. Katika ufupisho huo Shylock, Myahudi mkopeshaji, yumo na kisu chake, lakini mwana wa mfalme wa Moroko hayumo, kwa sababu habari nzima ya makasha matatu, ambayo mwenye kumposa Portia hulazimika kuchagua moja, ilikatwa. Msomaji wa Kiswahili alingoja zaidi ya miaka mia moja kumwona Mwafrika huyo, hata Julius Nyerere, Rais wa Tanzania, alipotoa mwaka 1969 tafsiri yake ya mchezo wote, Mabepari wa Venisi. Na mwaka huo huo S. S. Mushi akatoa Tufani, mchezo mwingine wa Shakespeare, ambamo Kalibani analalamika kwamba kisiwa chake kimechukuliwa.

Mwana wa Moroko anaingia akiomba asichukiwe kwa ajili ya rangi yake, akajitolea kuchanjwa pamoja na mtu mweupe kuliko wote wa kaskazini ili ionekane damu ya nani ni nyekundu zaidi. Hakuna anayemchanja. Anachagua kasha la dhahabu, anashindwa, anaondoka kwa adabu, na Portia, aliyemjibu kwa upole alipokuwa mbele yake, anaomba nyuma ya mgongo wake kwamba wote wenye rangi kama hiyo wachague vivyo hivyo. Baadaye, mahakamani, ni damu tena: Shylock, anayedai nyama ya mwili wa mdeni wake kwa mujibu wa mkataba, anaambiwa aikate bila ya kumwaga tone la damu ya Mkristo. Mchezo mmoja, damu mbili. Ya mmoja ilitolewa iwe ushahidi wa usawa na haikutazamwa, ya mwingine ikapimwa tone kwa tone na sheria.

Wala sheria haikuishia hapo. Shylock anashindwa kabisa pale inaposomwa kanuni ya Venisi inayomhusu mgeni aliyekusudia kuua raia, ambayo inamnyang'anya mali yake yote. Ndipo tunapotambua kwamba mtu huyu, mkazi wa mji ule, hakuwa raia hata siku moja. Wayahudi walikwisha kufukuzwa Uingereza mwaka 1290, na mwaka 1594 tabibu wa malkia Elizabeth, Roderigo Lopez, Mreno wa asili ya Kiyahudi, alinyongwa kwa shtaka la kutaka kumpa sumu. Mtazamaji wa London hakuwa na haja ya kuelezwa maana ya ugeni wa namna hiyo.

Mkazi wa Dar es Salaam naye haja hiyo hana. Mji huu uligawanywa na wakoloni kwa kanda tatu, Uzunguni, Uhindini na Uswahilini, na kiwanja cha Mnazi Mmoja kikaachwa wazi kutenga Kariakoo na Uhindini. Kanuni za Waingereza zilitaja aina ya nyumba na si rangi ya mwenye nyumba, lakini kila mtu alielewa nani angeweza kujenga nyumba ipi. Baada ya Vita Kuu ya Pili, Magomeni, Temeke na Kinondoni zilipimwa kwa ajili ya Waafrika, wakati Wazungu walikuwa na Oysterbay. Na katika uchaguzi wa 1958 na 1959 mpiga kura alitakiwa kuchagua watu watatu, Mwafrika, Mzungu na Mwasia, kana kwamba taifa ni mchezo wenye wahusika wa rangi tatu.

Nyerere, aliyeishi Magomeni katika miaka ya kupigania uhuru, alikuwa na sababu zote za kuipindua ngazi ile, waliokuwa chini wawe juu. Oktoba 1961, Bunge lilipojadili sheria ya uraia na baadhi ya wajumbe wakataka rangi iwe kipimo, alikataa katakata, akasema serikali yake iko tayari kujiuzulu kuliko kukubali. Aliyeusema msimamo huo ndiye aliyekuja kuwasomesha Waswahili, kwa shairi lisilo na vina, habari ya mji uliompokea Shylock mahakamani akiwa mkazi na kumtoa akiwa mgeni.

Hatuna budi, basi, kujitazama sisi wenyewe kwa insafu. Katika vichekesho vyetu vya redio na vya runinga Mhindi mwenye duka bado hupewa Kiswahili kilichovunjika na moyo wa ubahili, Mmasai bado ni mlinzi mwenye rungu asiyejua mji, na watu wa kabila fulani huwa wajinga tangu wanapofungua kinywa. Akutukanae hakuchagulii tusi, lakini sisi tunaowatukana jirani zetu tumechagua, tukazoea, tukayaita hayo mzaha. Tofauti ya mzaha huo na masizi ya London ni tofauti ya nguvu aliyo nayo mwenye kucheka, si tofauti ya kazi inayofanywa.

Wako wanaotaka michezo hii ya Waingereza iondolewe shuleni, na wako wanaotaka ifundishwe kwa unyenyekevu kama msahafu. Njia zote mbili zinamnyima mwanafunzi wa Mbagala au Mwananyamala kazi iliyo stahiki yake, nayo ni kuihukumu. Na achezwe mwana wa Moroko na kijana wa huko bila ya masizi. Na msichana mwenzake amcheze Portia, aseme maneno yale ya dharau kwa sauti mbele ya darasa. Kisha darasa lijadili kama binti huyo mwenye akili nyingi alikuwa hakimu wa haki. Shakespeare aliweza kuliacha swali hilo jukwaani, watu wakaenda zao. Nchi yenye raia wa asili nyingi haiwezi kufanya hivyo, maana hukumu yake huandikwa katika sheria, na hujaribiwa kila siku katika foleni za ofisi, katika kupangisha nyumba na katika posa za vijana.