Alipoanza kusahau, Prunella Scales hakufungiwa ndani

Siku moja kabla ya kufariki dunia, Oktoba 2025, Prunella Scales alikuwa nyumbani kwake London akitazama mchezo wa vichekesho ambao yeye mwenyewe aliuigiza miaka 50 nyuma. Alikuwa na umri wa miaka 93. Habari hiyo ilitolewa na watoto wake wawili wa kiume walipotangaza msiba wa mama yao.

Kwa wazazi wengi wanaosoma ukurasa huu, huenda jina hilo ni geni. Kwao Uingereza, mtu mzima asiyemjua ni wa kutafuta. Nimemwandika kwa sababu moja: kwa zaidi ya miaka kumi ya mwisho aliishi na ugonjwa wa kusahau, yaani demensia, na kwa miaka kadhaa kati ya hiyo aliendelea kufanya kazi mbele ya kamera, nchi nzima ikimwona.

Mtoto wa mwigizaji

Alizaliwa Juni 22, 1932, Sutton Abinger, kijiji cha mkoa wa Surrey, kusini mwa England. Baba yake aliitwa Illingworth, lakini alipoingia kwenye sanaa alichagua kutumia Scales, jina la ukoo wa mama yake, ambaye naye alikuwa mwigizaji.

Alisomea uigizaji katika shule ya jumba la maonyesho la Bristol Old Vic. Mwaka 1951 alianza kazi akiwa msaidizi wa meneja wa jukwaa, kazi ya nyuma ya pazia ambayo watazamaji hawaioni. Mwaka uliofuata akaonekana kwenye televisheni ya BBC katika mchezo uliotokana na riwaya ya Pride and Prejudice, akiwa Lydia, mdogo wa mwisho mwenye utundu. Enzi hizo michezo ya televisheni ilirushwa moja kwa moja. Ukisahau neno, nchi nzima imekusikia umesahau.

Mwaka 1963 aliolewa na mwigizaji mwenzake, Timothy West. Walipata watoto wawili, Samuel na Joseph, na Samuel naye akaifuata kazi ya wazazi wake. Mwaka huohuo wa ndoa, Prunella alianza kuigiza mke mchanga katika Marriage Lines, tamthilia ya vichekesho iliyompa umaarufu wa kwanza.

Sybil na malkia wawili

Lililomfikisha kila nyumba ni jina la Sybil. Katika Fawlty Towers alikuwa mke wa mwenye hoteli ndogo mjini Torquay, mji wa pwani. Mume, aliyeigizwa na John Cleese, ni mtu wa hasira na visingizio. Sybil ndiye anayejua hoteli inaendeshwaje, na akiita jina la mumewe kwa sauti kali, mume anaganda alipo. Vipindi vilikuwa 12 tu, sita vya mwaka 1975 na sita vya 1979, lakini mwaka 2000 Taasisi ya Filamu ya Uingereza ilipopigisha kura ya vipindi bora vya televisheni nchini humo, Fawlty Towers ilishika nafasi ya kwanza.

Waliodhani anaweza vichekesho tu walishangaa mwaka 1988, alipomwigiza Malkia Elizabeth II kwenye jukwaa la National Theatre, London, katika mchezo wa Alan Bennett. Malkia mwenyewe alikuwa hai na yuko madarakani. Kwa miaka mingi pia alizunguka na onyesho la Malkia Victoria lililotungwa kutokana na maandishi ya malkia huyo, akimwigiza kuanzia ujana hadi uzee. Mwaka 1992 alitunukiwa nishani ya CBE.

Kwa mwigizaji wa jukwaani, kumbukumbu ni kama macho kwa dereva. Hakuna karatasi ya kuchungulia, na watu wamelipa kiingilio. Prunella aliishi kwa kumbukumbu hiyo zaidi ya nusu karne.

Mume aliona kwanza

Timothy West alieleza baadaye kwamba dalili za mwanzo aliziona akiwa amekaa kwenye viti vya watazamaji, akimtazama mkewe jukwaani. Maneno yaliyokuwa yakimtoka bila kufikiri sasa alionekana kuyatafuta. Ilikuwa miaka mingi kabla ya ugonjwa kupewa jina. Mwaka 2013 madaktari walisema ni demensia inayotokana na matatizo ya mishipa ya damu ya ubongo, na mwaka 2014 familia ikaliweka wazi jambo hilo.

Mwaka huohuo, Channel 4 ilianza kurusha Great Canal Journeys. Wanandoa hao walipenda kusafiri kwa boti ndefu nyembamba kwenye mifereji ya Uingereza tangu watoto wao wakiwa wadogo. Sasa kamera ziliwafuata. Timothy alishika usukani, Prunella alishughulika na kamba na malango ya maji, na njiani walitaniana kama walivyozoea.

Ugonjwa haukufichwa. Timothy aliwaambia watazamaji kwamba mkewe hatakumbuka vizuri walikopita, lakini anaifurahia safari akiwa ndani yake. Ukiangalia vipindi hivyo utaona Prunella hasumbuliwi kwa maswali ya jana. Anaulizwa juu ya ndege aliye mbele yake, daraja wanalolipita, maji yalivyo. Ucheshi wake ulikuwepo, mikono yake ilikuwa na kazi, na mtu anayempenda alikuwa hatua chache kutoka alipo. Waliendelea hivyo kwa miaka kadhaa hadi umri ulipowataka wawaachie wengine.

Mishipa ya damu na ubongo

Demensia si ugonjwa mmoja. Unaojulikana zaidi ni Alzheimer. Aina aliyougua Prunella ni miongoni mwa zinazowapata watu wengi, na hutokea pale damu isipofika vizuri kwenye ubongo, ama kwa kiharusi kikubwa, ama kwa viharusi vidogovidogo na kuharibika kwa mishipa midogo ambako mgonjwa mwenyewe huenda asikuhisi.

Mara nyingi haianzi kwa kusahau majina. Mtu anakuwa mzito wa kufikiri, anashindwa kupanga mambo aliyoyazoea, hesabu ya duka inamchanganya, au hasira inakuja bila sababu. Anaweza kukaa hivyo miezi bila mabadiliko, kisha akashuka ghafla.

Vinavyoharibu mishipa hiyo tunavijua: shinikizo la juu la damu, kisukari, sigara, mafuta mengi kwenye damu. Kwa makadirio ya Shirika la Afya Duniani, watu milioni 57 walikuwa na demensia mwaka 2021, na zaidi ya asilimia 60 kati yao waliishi katika nchi za kipato cha chini na cha kati. Nchi kama zetu.

Bibi yetu

Nilipokuwa darasa la nne, bibi yangu mzaa mama alikuwa akiuliza swali lilelile mara tano kabla chai haijapoa. Sisi wajukuu tulikuwa tunahesabu kwa vidole na kucheka. Watu wazima walisema ni uzee. Jirani mmoja alisema kuna mkono wa mtu. Wageni walipokuja, bibi alipelekwa chumba cha nyuma ili asituaibishe. Presha yake ilijulikana kuwa iko juu, ila dawa alikunywa pale kichwa kilipomuuma tu.

Sikuwa na neno la ugonjwa ule hadi nilipofika chuo kikuu. Wakati huo bibi alikuwa ameshazikwa.

Kwa hiyo, mzazi mwenzangu, kama nyumbani kwako yuko mzee aliyeanza kubadilika, usikimbilie kusema ni umri. Mpeleke hospitali. Kusahau kwingine husababishwa na upungufu wa vitamini B12, matatizo ya tezi la shingo, sonona au dawa anazotumia, na hayo yana matibabu. Ikibainika ni demensia, hakuna dawa ya kuiponya kwa sasa, lakini kudhibiti presha na sukari kunaweza kusaidia kuilinda mishipa iliyobaki.

Waambie watoto ukweli kwa lugha yao: "Bibi anaumwa, kichwa chake kinachoka kukumbuka. Akiuliza tena, mjibu tena." Usimfanyie mzee mtihani wa "hebu nitaje, mimi ni nani?" Mtajie wewe jina lako. Mpe kazi ambayo mikono yake bado inaijua, iwe kuchambua mchele au kukunja nguo, na mambo ya zamani muulize kwa sababu ya kutaka kusikia. Mara nyingi yale ya ujanani hudumu kuliko ya asubuhi ya leo.

Na anayemuuguza naye apumzishwe. Kumwachia dada mmoja mzigo wote kwa kuwa hajaolewa si haki.

Timothy West alifariki dunia Novemba 2024, akiwa na miaka 90, baada ya miaka 61 ya ndoa. Prunella alimfuata mwaka mmoja baadaye, akiwa nyumbani, Sybil akiwa ameonekana tena jana yake.

Wiki hii ukimpeleka mtoto kliniki, mchukue na bibi yake mkampime presha. Na wewe ukiwa hapohapo, nyoosha mkono upimwe.