Moteri za boti: kwa nini bei haitulii, na mambo ya kuuliza kabla ya kulipa



Huku Mboko moteri ya boti si jambo la wavuvi peke yao. Mvua ikiharibu barabara ya Uvira–Baraka, mihogo na mawese ya wakulima yanapita kwenye ziwa. Ndiyo sababu koperative nyingi, za uvuvi na za kilimo, ziko na mpango mmoja: kukusanya feza, kununua moteri. Shida ni kwamba feza inakusanywa polepole, na bei haingojei mtu. Tena mara nyingi moteri iliyonunuliwa kwa bei rahisi ndiyo inayomaliza sanduku la koperative. Tuone pamoja soko linaendaje na namna ya kujikinga.

Moteri inatoka wapi

Huku kwetu hakuna kiwanda cha moteri za boti. Yamaha, Suzuki na Tohatsu ni za Japani. Mercury ni ya Marekani. Miaka hii zimeingia pia za China, kama vile Parsun na Hidea. Kampuni ya Evinrude, moja ya zile za kwanza kabisa duniani, iliacha kutengeneza moteri mwaka 2020. Mtu akikuambia leo ana Evinrude «mpya», muulize vizuri.

Nyingi za moteri zinazofika kwetu zinashuka bandarini Dar es Salaam. Kutoka pale zinapanda reli ao lori mpaka Kigoma, safari ya zaidi ya kilometa 1,200, kisha zinavuka ziwa. Nyingine zinapitia Burundi na kuingia Uvira. Kila zinaposhushwa kuna mtu wa kulipwa: mwenye lori, komisiyoneri, duane, wabebaji. Mnunuzi wa Mboko yuko mwisho wa mnyororo, na anabeba gharama zote zilizo mbele yake.

Mambo matatu yanayosukuma soko

*La kwanza: moteri ya kuchanganya oili inapungua duniani.* Moteri ambayo wengi wetu tunaijua ni ile ya mipigo miwili: unachanganya oili ndani ya esansi, unavuta kamba, unaenda. Ni nyepesi, na fundi yeyote wa ufuoni anaifungua. Lakini sehemu ya esansi inatoka nje bila kuungua na kuchafua maji na hewa. Juu ya hiyo, Marekani na nchi za Ulaya ziliweka sheria kali kati ya 2006 na 2010, na moteri mpya za namna hiyo zikaondoka kwenye maduka yao. Viwanda vikageukia moteri ya mipigo minne, yenye oili yake pembeni kama ya motokari. Ile ya zamani bado inatengenezwa kwa ajili ya nchi zetu, kama Yamaha Enduro, lakini wanaoitengeneza wamebaki wachache. Bidhaa ikiwa na watengenezaji wachache na wanunuzi wengi, bei haishuki kwa urahisi.

*La pili: China imejaza pengo.* Viwanda vyake vinatengeneza moteri za mipigo miwili zinazofanana sana na zile za Japani, kwa bei ya chini. Si zote mbaya. Kuna piyesi zinazoingiliana na za Yamaha, na kuna zinazokataa kwa tofauti ndogo sana. Lakini nyuma ya jina zuri kuna pia moteri za kuiga zenye bamba la uongo. Bamba la namba linakaa kwenye bano linaloshika boti. Kama limekwaruzwa, limebandikwa upya ao halipo, achana nayo.

*La tatu: nauli na dolari.* Mwaka 2021, baada ya ugonjwa wa korona, bei ya kusafirisha kontena baharini ilipanda sana duniani kote, na bei za vitu vingi madukani zikaifuata. Kisha kuna franga yetu. Mwaka 2022 dolari moja ilikuwa karibu franga 2,000. Mwaka 2024 ilipita 2,800. Fanyeni hesabu: koperative iliyoweka franga 2,000,000 sandukuni ilikuwa na dolari 1,000. Miaka miwili baadaye, feza ile ile, bila mtu kuiba hata moja, ilikuwa dolari 714 hivi. Franga inaweza pia kupanda, kwa hiyo si kusema dolari ni salama siku zote. Lakini kama mnajua kitu mnachotaka kinauzwa kwa dolari, msikusanye kwa franga miaka mitatu.

Kodi inakula hata juu ya nauli

Wengi wanafikiri duane inahesabu bei ya moteri peke yake. Hapana. Inahesabu bei pamoja na usafiri na asiransi. Kisha TVA ya 16% inakaa juu ya jumla yote, hata juu ya ushuru wenyewe. Tuchukue mfano, na huu ni mfano tu, si bei ya soko: moteri dolari 1,000, usafiri na asiransi 200, ushuru tuseme 10%.

- Thamani ya duane: 1,200
- Ushuru: 120
- TVA 16% ya 1,320: dolari 211 na kitu
- Jumla: karibu 1,531

Usafiri ukipanda kutoka 200 mpaka 400, jumla inakuwa karibu 1,786. Nauli imepanda 200, wewe umepandishiwa 255. Ndiyo maana barabara mbaya ao mpaka uliofungwa unaumiza mfuko kuliko unavyoonekana.

Neno moja juu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki. Kongo iliingia mwaka 2022, na kuna wanaosema sasa kitu chochote kutoka Tanzania kinapita bila ushuru. Si kweli. Msamaha ule ni wa vitu vilivyotengenezwa ndani ya Jumuiya. Moteri ya Japani ao ya China haigeuki kuwa ya Tanzania kwa sababu ililala Kigoma. Anayekuuliza feza kidogo ili «apitishe kwa bei ya Jumuiya» anakuweka hatarini: moteri ikikamatwa bila karatasi, hasara ni ya koperative.

Bei ya kununua si bei ya kutumia

Chukueni daftari. Tuseme moteri A, ya mipigo miwili, inakula litre 20 kwa usiku mmoja. Moteri B, ya mipigo minne yenye nguvu ile ile, inakula litre 14. Mkitoka usiku 20 kwa mwezi, A inakula litre 400 na B litre 280. Tofauti ni litre 120. Zidisheni kwa bei ya litre moja ya esansi huko kwenu. Ongezeni oili: kwa kipimo cha litre 50 za esansi kwa litre 1 ya oili, A inameza litre 8 za oili kila mwezi. Andikeni jumla ya mwaka mzima, kisha mlinganishe na tofauti ya bei dukani. Pimeni kwa safari zenu wenyewe, msichukue hesabu yetu.

Lakini tusidanganyane, B nayo iko na mzigo wake. Ya 40 ya mipigo miwili ina kilo 70 na kitu. Ya mipigo minne inakaribia kilo 100. Kwa watu wanaobeba moteri begani kila asubuhi juu ya wezi, kilo hizo si mchezo. Tena inataka kubadilishiwa oili kila saa 100 hivi za kazi, na fundi aliyejifunza. Kama fundi wa karibu anajua ile ya zamani tu, esansi mliyookoa itaisha kwenye nauli ya kumtafuta mwingine.

Moteri ya mtumba

Nyingi zimefanya kazi baharini. Chumvi inakaa ndani ya njia za maji ya kupoza na kula chuma polepole, hata kama nje imepigwa rangi mpya. Ombeni iwashwe ndani ya pipa la maji kwa dakika kumi na zaidi. Angalieni kama maji ya kupoza yanatoka kwa nguvu bila kukatika. Toeni buji zote, fundi apime kama mitungi inabana sawasawa. Muuzaji anayekataa kuiwasha amekwisha kuwajibu.

Mambo sita ya kuuliza kabla ya kulipa

1. Buji, lastiki ya pompu ya maji, na helisi yake vinapatikana Baraka, Uvira ao Kigoma? Mtume mtu aende kuviona, asisikie kwa mdomo tu.
2. Mguu una urefu gani? Herufi S kwenye jina la moteri ni mguu mfupi, karibu sentimeta 38. L ni mrefu, karibu sentimeta 51. Pimeni nyuma ya boti kwanza. Mguu mfupi kwenye boti ya juu unavuta hewa, na moteri inapata moto.
3. Nguvu inalingana na boti? Ya 40 kwenye boti ndogo ni esansi ya bure na hatari.
4. Garanti inatolewa na nani, na mkiwa na shida moteri itarudishwa wapi?
5. Fakture na karatasi za duane zipo, na namba ndani yake ni ile ya bamba?
6. Fakture imeandikwa kwa jina la nani? Iwe jina la koperative, si la prezida wala la aliyetumwa Kigoma. Mtu anaweza kuhama, kufa ao kugombana na wenzake. Jina la koperative linabaki.

Mkiweza, msinunue peke yenu. Koperative tatu zikinunua moteri tatu za aina moja, zinalipa safari moja na komisiyoneri mmoja, na piyesi za akiba zinatumika kwa wote. Kila mmoja akichagua aina yake, tutakuwa na moteri tatu na hakuna anayeweza kumkopesha mwenzake hata buji.

Na moteri ikisha kufika, wekeni pembeni kitu kidogo kila safari kwa ajili ya matengenezo. Siku za mbalamwezi, ndagala wasipofuata taa na boti zikiwa zimepumzika, ndizo siku nzuri za kuifungua na kuisafisha. Wakati huo fundi ana nafasi, na hakuna aliye katikati ya ziwa anayeingojea.

Kwenye mkutano wenu ujao, anzeni na hesabu ya esansi ya mwezi mmoja. Mtu mmoja aandike litre na idadi ya safari, tangu leo. Karatasi hiyo ndiyo itakayowaambia moteri gani mnaweza kuilisha.