Jenerali wa Farasi Katika Nchi ya Mbung'o

Waingereza waliiendea Tanga mara mbili katika Vita Kuu ya Kwanza, lakini simulizi tunayo ya mara moja tu. Novemba 1914 askari wapatao 8,000 wa Jenerali Aitken, wengi wao Wahindi, waliteremshwa Ras Kasone. Wakapigwa na watu wapatao elfu moja wa kamanda wa Kijerumani, von Lettow-Vorbeck, nyuki nao wakatia mkono wao, wakarudi melini wakiacha nyuma risasi 600,000. Habari hiyo hata mtoto wa Ngamiani anaijua. Lakini Julai 7, 1916 Waingereza waliingia mjini karibu bila upinzani, na ni nadra kusikia mtu akiuliza ilikuwaje Wajerumani wauache mji walioutetea kwa ukali namna ile.

Jibu lake linatupeleka mbali na bahari, hadi Kondoa Irangi, kwa jenerali wa Kikaburu aliyeitwa Jacob van Deventer.

Alizaliwa Ficksburg mwaka 1874, katika jamhuri ya Makaburu ya Orange Free State. Vita yao na Uingereza ilipozuka 1899 alikuwa mpiga mizinga wa Transvaal. Miaka miwili baadaye alikuwa mmoja wa wasaidizi wakuu wa Jan Smuts katika kikosi kidogo cha wapanda farasi kilichopenya Koloni la Cape, kikiishi kwa kunyang'anya chakula, risasi na hata farasi wa Waingereza wenyewe. Vita hiyo ilimwachia jeraha la koo na sauti ya kukwaruza hadi mwisho wa maisha yake. Kisha dunia ikageuka. Mwaka 1914 aliyepigana na Uingereza alikuwa akiyazima kwa niaba yake maasi ya Makaburu wenzake. 1915 akaongoza safu dhidi ya Wajerumani katika nchi ambayo leo ni Namibia. Na 1916 akawa Afrika Mashariki na brigedi yake ya wapanda farasi, mkubwa wake akiwa Smuts yuleyule.

Tusiwafikirie wapanda farasi hawa kama wale wa kwenye picha za Ulaya, panga juu na tarumbeta nyuma. Kaburu alimtumia farasi kufika. Akishafika alishuka, mwenzake mmoja akashika hatamu za farasi kadhaa, naye akalala chini na bunduki kama askari yeyote wa miguu. Nguvu ya kikosi ilikuwa kutokea mahali ambapo adui hakukitarajia. Ndiyo kazi aliyoifanya van Deventer Machi 1916 pande za Kilimanjaro: wakati askari wa miguu wanapambana uso kwa uso, yeye alizunguka ubavuni, na Wajerumani wakaiacha Moshi wakihofia kukatiwa njia.

Mwanzoni mwa Aprili, masika yakiwa yameanza, Smuts alimtuma kusini kutoka Arusha. Alikiteka kilima cha Lolkisale na kuwateka askari wa Wajerumani zaidi ya 400 waliokosa maji, akasonga mbele, na Aprili 19 akaingia Kondoa. Zilikuwa zaidi ya kilomita 200 kwa muda wa wiki mbili na ushei. Kwenye ramani ilikuwa kazi ya kupigiwa mfano. Huko njiani, hata hivyo, mizoga ya farasi ilikuwa imetapakaa, na waliofika Kondoa wakiwa bado tandikoni walikuwa karibu nusu ya walioondoka. Mvua ikafunga barabara nyuma yao, wakabaki wiki kadhaa bila chakula cha kutosha.

Farasi waliuawa na maradhi mawili, mbali na njaa na uchovu. La kwanza ni nagana, inayoletwa na vijidudu ambavyo mbung'o huviingiza kwenye damu anapouma. Mnyama hupata homa, hukonda ingawa anakula, huvimba tumbo na miguu, kisha huanguka. La pili husababishwa na virusi vinavyosambazwa na visubi, hushamiri wakati wa mvua, na laweza kumwua farasi kwa siku chache huku povu likimtoka puani. Habari ya mbung'o haikuwa siri: David Bruce alikuwa ameishaionyesha huko Zululand miaka ya 1890. Na misafara ya Pangani, iliyokuwa ikienda Umasaini na Irangi tangu karne ya 19, ilibeba mizigo kwa vichwa vya watu. Wenye misafara hawakusoma kitabu cha Bruce, ila njia walizijua. Smuts naye alitoka nchi yenye maradhi yote mawili, kwa hiyo kwangu ni vigumu kumwita mtu aliyeshtukizwa. Naona alifanya hesabu, akaona farasi watamfikisha kabla hawajaisha.

Hesabu hiyo ililipa upande wa Tanga. Kwa kuhofia kwamba kutoka Kondoa van Deventer angeikata reli ya kati, von Lettow alihamisha sehemu kubwa ya jeshi lake kutoka kaskazini, na usiku wa Mei 9 akaishambulia Kondoa. Alishindwa. Huku nyuma, reli ya Tanga hadi Moshi na milima ya Usambara alikuwa amemwachia Meja Kraut na kikosi kidogo. Smuts akateremka na mto Pangani: Mombo, Lushoto, Korogwe, zote zikaangukia mikononi mwake Juni, na Handeni pia. Kufikia hapo Tanga ilikuwa imebaki na mgongo mtupu. Mji ambao watu 8,000 waliushindwa kutoka baharini ulivuliwa kutokea bara, na van Deventer aliyesababisha hayo hakuwa hata karibu.

 

Van Deventer aliteuliwa amiri jeshi mkuu wa Afrika Mashariki mwishoni mwa Mei 1917. Farasi walikuwa wameisha, na Makaburu wengi wamerudishwa kwao na malaria na kuhara. Jenerali wa mwendo kasi akabaki na vita ya kutembea. Aliowategemea ni askari wa King's African Rifles, jeshi lililokua kutoka batalioni 3 hadi 22, na nyuma yao wapagazi. Wapagazi waliokufa upande wa Waingereza hukadiriwa kufikia 95,000, wengi kwa maradhi na njaa. Farasi walinunuliwa kwa fedha na vifo vyao vikaingizwa katika hesabu za jeshi; wapagazi wengi hawakuandikwa hata majina.

Hakumkamata von Lettow, aliyevuka Ruvuma Novemba 1917 na kujisalimisha Abercorn, ambayo leo ni Mbala nchini Zambia, mwaka mmoja baadaye, habari za amani zilipomfikia. Van Deventer alirudi Afrika Kusini na cheo cha Luteni Jenerali na nishani ya Mfalme. Alifariki Agosti 1922, akiwa na miaka 48.